KAURI: KONOKONO MDOGO WA BAHARI ALIYEKUWA FEDHA YA BARA

Mazungumzo kwa wenyeji wa Langas, Eldoret



Kutoka Langas hata ufuo wa Mombasa ni mwendo wa kilomita 800 hivi kwa barabara, na mji wa Eldoret umeketi juu ya uwanda ulioinuka mita 2,100 hivi kupita usawa wa bahari. Wako wenyeji wengi, wazee kwa vijana, ambao hawajapata kuiona bahari kwa macho yao. Walakini ni wachache ambao hawajapata kukishika kitu kilichotoka baharini. Mtu na atazame kibuyu cha mursik kilichopambwa kwa shanga, au vazi la ngozi lililohifadhiwa na bibi mzee, au mkufu uuzwao sokoni, na mara nyingi ataona gamba dogo jeupe ling'aalo, lenye mgongo wa mviringo, na upande wa chini lina ufa mrefu mfano wa mdomo wenye meno. Gamba hilo ndilo kauri. Wengine huliita kete, na jina hilo wanalijua vema wachezaji wa bao.

Siku hizi kauri ni pambo tu. Lakini zamani haikupanda mpaka nchi za juu kwa ajili ya kupamba vibuyu peke yake. Ilipanda kwa sababu ilikuwa fedha. Kwa kauri mtu alinunua mbuzi, akanunua ng'ombe, akalipa faini na mahari, na katika nchi nyingine, jambo la kusikitisha, kwa kauri mtu alimnunua mtu mwenziwe. Kisha fedha hiyo ikafa, na wengi waliokuwa wameiweka akiba wakapata hasara. Habari hii yafaa kujulikana na kila mtu auzaye na anunuaye, na katika mtaa wa Langas watu wa namna hiyo hawana idadi.

MNYAMA MWENYEWE

Watoto wengi hudhani kwamba kauri ni jiwe, na wengine hudhani ni mbegu ya mti. Sivyo. Kauri ni nyumba ya mnyama, naye ni wa jamii ya konokono. Aina za kauri ni nyingi, lakini zilizotumika kuwa fedha ni mbili. Ya kwanza ni kauri ya manjano, ambayo mtaalamu wa Uswidi, Linnaeus, aliipa mwaka 1758 jina la Kilatini la moneta, maana yake fedha. Ya pili ni kauri yenye duara la rangi ya dhahabu mgongoni, na hiyo ikaitwa annulus, yaani pete. Zote mbili huishi katika Bahari ya Hindi, tangu pwani ya Afrika ya Mashariki, na kuendelea mpaka visiwa vya Pasifiki. Urefu wake aghalabu hauzidi sentimita mbili au tatu, na kauri ya pete ndiyo iliyo nyingi zaidi katika pwani za Unguja, Mafia na Kenya.

Konokono huyu hukaa mahali penye maji machache, chini ya mawe na matumbawe, au katikati ya majani ya bahari. Mchana hujificha. Usiku hutoka polepole kutafuta chakula chake, nacho ni mimea midogo sana iotayo juu ya miamba. Anapotembea, nyama yake laini hutoka pande zote mbili za ufa, ikapanda juu na kulifunika gamba lote kama joho. Joho hilo ndilo liutengenezalo mgongo wa gamba na kuulinda usikwaruzwe, na kwa sababu hiyo kauri hung'aa hata kama haikupakwa kitu.

Jambo jingine la ajabu ni kukua kwake. Kauri iliyo changa haifanani na kauri. Gamba lake ni jembamba, tena limejizungusha kama la konokono wa shambani. Akisha kufikia kimo chake, ukingo wa gamba hujikunja ndani, ukawa mnene na kuota meno, na ufa wa katikati ukawa mwembamba. Tangu hapo konokono haongezeki urefu tena. Jike hutaga mayai yake ndani ya vifuko vidogo sana, akayakalia mpaka yaanguliwe, na vitoto vyake huchukuliwa na mikondo ya maji kabla ya kutua na kuanza maisha yao mwambani.

Gamba lenyewe limefanywa kwa kitu kile kile kilicho ndani ya mawe ya chokaa. Hivyo kauri ikitiwa motoni itageuka chokaa. Neno hili lafaa kukumbukwa, kwa maana litakuja kueleza mengi.

SABABU ZA KUFANYWA FEDHA

Mtu aweza kuuliza: Kwa nini watu wenye akili walikubali gamba la konokono liwe fedha? Jibu ni kwamba walikuwa na sababu njema. Kauri haiozi, haishiki kutu, wala panya hawezi kuila. Zote zakaribia kulingana kwa kimo, hata zaweza kuhesabiwa moja moja, au kupimwa kwa kibaba zikiwa nyingi. Thamani ya moja ni ndogo, kwa hiyo hata maskini aweza kununua kitu kidogo bila kutafuta chenji. Na juu ya yote, kauri haighushiki. Mhunzi aweza kuchanganya dhahabu na shaba, lakini hapana fundi awezaye kufanya kauri ya uongo isitambulikane.

Iko sababu moja kubwa kupita hizo, nayo ni umbali. Pwani, kauri ni kitu ambacho mtoto aweza kukiokota maji yanapokupwa. Mbali na bahari, hapana awezaye kuiokota. Lazima ainunue kwa mtu aliyeichukua. Kadiri safari ilivyokuwa ndefu, ndivyo thamani ilivyozidi. Basi kauri ilikuwa fedha hasa kwa wale wasioijua bahari.

SAFARI ZAKE ZA MBALI

Wachina walitumia kauri zaidi ya miaka 3,000 iliyopita, na hata leo alama ya kauri imo ndani ya maandishi yao ya maneno mengi yahusuyo mali, bei na biashara. Jina lenyewe, kauri, limetoka Bara Hindi. Nao Waitalia waliiita kauri porcellana. Na vyombo vyeupe ving'aavyo vya Uchina vilipofika Ulaya, vikapewa jina hilo hilo kwa kuwa vilifanana na kauri. Kiswahili nacho husema kikombe cha kauri na sahani ya kauri. Hivyo mataifa mawili yaliyo mbalimbali yametumia jina la konokono mmoja kuitia vyombo vya mezani.

Chimbuko kubwa la fedha hii lilikuwa visiwa vya Maldivi, kusini ya Bara Hindi. Msafiri mashuhuri wa Morocco, Ibn Battuta, ambaye alifika Mombasa na Kilwa mwaka 1331, alikaa Maldivi kama kadhi katika miaka ya 1343 na 1344. Aliandika kwamba wenyeji waliwatoa konokono hao baharini, wakawaweka katika mashimo mpaka nyama ikaoza na magamba meupe yakabaki. Huko, kauri 400,000 zilipata dinari moja ya dhahabu, na zilipokuwa nyingi mno bei ilishuka hata kufikia 1,200,000. Baadaye Ibn Battuta akafika Mali, katika Afrika ya Magharibi, akaona kauri zile zile zikipokewa 1,150 kwa dinari moja. Kitu kimoja, nchi mbili, na tofauti ya bei zaidi ya mara 300!

Tofauti hiyo ndiyo iliyowaita wafanya biashara wa Ulaya. Wareno, Waholanzi na Waingereza walipakia kauri za Maldivi katika merikebu zao, wakazipeleka Ulaya na kutoka huko wakazishusha katika pwani ya Afrika ya Magharibi. Mali waliyoitaka zaidi ya yote ilikuwa watu. Katika karne ya 18 mtumwa mmoja alinunuliwa kwa makumi ya maelfu ya kauri, au kwa kauri pamoja na nguo, bunduki na pombe. Watu hao walivushwa bahari wasirudi tena, na magamba yakabaki nyuma yao. Kauri haikuwa na hatia. Lakini haifai kuitaja historia yake na kuificha sehemu hiyo.

UNGUJA NA MERIKEBU ZA HAMBURG

Karibu na mwaka 1850 jambo jipya likatokea. Wafanya biashara wa Hamburg, katika Ujerumani, waliona kwamba kauri ya pete ya Afrika ya Mashariki ilipatikana kwa bei rahisi sana kuliko kauri ndogo ya Maldivi. Wakaweka wakala wao Unguja, wakanunua kauri zilizookotwa na watu wa pwani, wakazipeleka Lagos na bandari nyingine za upande wa magharibi. Mara hii walinunua mafuta ya mawese, yaliyotakiwa Ulaya kwa kufanyia sabuni na mishumaa. Hapo mwanzo faida yao ilikuwa kubwa ajabu.

Lakini walileta maelfu ya tani, na fedha ikizidi mno hujiharibu yenyewe. Mfano wake ni rahisi kuufahamu. Tuseme sokoni Langas kuna mafungu 100 ya sukuma wiki, na wanunuzi wanazo shilingi 2,000 kwa jumla. Kila fungu litauzwa shilingi 20. Usiku, kila mnunuzi akiongezewa mfukoni kiasi kile kile alicho nacho, asubuhi mafungu yatakuwa 100 vile vile. Hapana aliyetajirika, bei tu ndiyo itakayopanda mpaka shilingi 40. Na yule mama aliyekuwa ameziweka shilingi zake chini ya godoro bila kuongezewa, ataona zimepungukiwa nusu ya nguvu, ingawa akizihesabu ni zile zile.

Ndivyo ilivyokuwa katika Afrika ya Magharibi. Thamani ya kauri ilianguka mwaka hata mwaka, mpaka gharama ya kuzichukua mzigo ikakaribia thamani ya mzigo wenyewe. Mtu aliyejaza mitungi kwa jasho la maisha yake aliona mali yake ikiyeyuka bila mwizi kuingia nyumbani.

KAURI KATIKA BUGANDA

Upande wa mashariki, kauri zilipanda bara pamoja na misafara iliyotoka pwani, ikapita Tabora na kuelekea nchi za maziwa. Speke alipofika kwa Kabaka Mutesa mwaka 1862, kauri zilikuwa zikijulikana huko. Waganda walitoboa mgongo wa kila kauri, wakazitunga katika kamba mia mia ili iwe rahisi kuhesabu. Mmishonari John Roscoe, katika kitabu chake cha mwaka 1911 juu ya desturi za Waganda, aliandika kwamba ng'ombe mmoja alihesabiwa kuwa kauri 2,500, na mbuzi mmoja kauri 500. Mpaka leo Mganda akitaja fedha husema ensimbi, na asili ya neno hilo ni kauri. Nchi ya Ghana nayo ilipoacha pauni mwaka 1965 iliiita fedha yake mpya cedi, neno litokalo katika jina la kauri kwa lugha ya Kiakani.

Mwaka 1900 Mapatano ya Uganda yalileta kodi ya nyumba, rupia tatu kwa mwaka. Rupia zilikuwa haba mikononi mwa watu, na rupia moja ilibadilishwa kwa mamia ya kauri, karibu elfu. Basi kodi ya nyumba moja ilikuwa mzigo wa kauri elfu mbili na zaidi. Na afikiriwe karani apokeaye kodi ya wilaya nzima kwa hesabu hiyo! Tena, mwaka 1901 reli ilifika Kisumu, na mizigo ya pwani ikawa yafika ziwani kwa siku chache badala ya miezi. Ule umbali ulioipa kauri thamani yake ukaondoka. Katika miaka ya kwanza ya karne ya 20 Serikali ikazuia kauri mpya zisiingizwe, kisha ikakataa kuzipokea katika kodi.

Siku fedha inapokataliwa na mtoza kodi, fedha hiyo imekwisha kupata ugonjwa wa kufa. Kauri ziliendelea kupita mikononi mwa watu kwa muda sehemu za mbali, lakini kila siku zilipungua nguvu. Aliyekuwa na ng'ombe akabaki na ng'ombe. Aliyekuwa na shamba akabaki na shamba. Aliyekuwa na mitungi ya kauri akabaki na magamba ya konokono, ambayo akiyatia motoni atapata chokaa.

Serikali ikaleta senti mpya, kuanzia miaka ya 1906 na 1907, na senti ndogo zilitobolewa katikati. Watu wakazitunga katika kamba, kama walivyozoea kutunga kauri. Kati ya 1920 na 1922 rupia nayo ikaondolewa, florini ikapita kwa muda mfupi, na shilingi ikashika mahali pake. Mwaka 1966 Benki Kuu ya Kenya ikaanzishwa, na nchi ikapata shilingi yake yenyewe.

NENO KWA WATU WA LANGAS

Eldoret ulianzia shamba nambari 64, na ndiyo sababu wenyeji waliuita Sisibo. Jina la Eldoret lilitolewa mwaka 1912, reli ikafika mwaka 1924, na tarehe 15 Agosti 2024 mji huo ukatangazwa kuwa jiji. Husimuliwa kwamba benki ya kwanza ilijengwa kwa namna ya kuchekesha: sanduku la chuma la kuwekea fedha lilianguka kutoka katika gari, likawa zito mno kuinuliwa, basi jengo likajengwa kulizunguka. Ikiwa ni kweli au ni hadithi tu, hekima imo ndani yake, kwa maana watu walitaka kuona mahali imara pa kuwekea mali yao.

Langas, iliyo kando ya barabara iendayo Kapsabet na Kisumu, ni mtaa wa watu wa makabila mengi waliokuja kutafuta riziki. Humo wamo mafundi wa jua kali, washonaji, wauza mboga, wauza mitumba na vibarua. Wengi wao hupata fedha kidogo kidogo kila siku, na wahenga walisema haba na haba hujaza kibaba. Walisema pia kwamba akiba haiozi. Lakini kauri haikuoza, na hata hivyo akiba ya watu ilipotea. Kisichooza ni akiba iliyowekwa kwa akili.

Ushahidi wa karibu upo. Tarehe 1 Juni 2019 ilitangazwa kwamba noti za zamani za shilingi 1,000 zitakoma kuwa fedha halali baada ya tarehe 30 Septemba mwaka ule ule. Watu walipewa miezi minne ya kuzibadilisha. Siku hizo zilipokwisha, zaidi ya noti milioni 7 hazikurudishwa, thamani yake zaidi ya shilingi bilioni 7. Hapana shaka baadhi ya hizo zilikuwa za watu wenye siri mbaya. Lakini mtu mwaminifu aliyeificha noti yake katika kopo, akaisahau, naye alipata hasara ile ile. Noti ile ilibaki na picha yake na rangi yake, kama kauri ilivyobaki na mng'ao wake. Kilichoondoka ni ile ahadi kwamba mwenzako ataipokea.

Tangu mwaka 2007, M-Pesa ilipoanza, fedha nyingi hazishikwi tena mkononi. Ni tarakimu katika simu. Kauri ilihesabiwa kwa vidole, noti kwa macho, na hii ya sasa kwa imani na kwa kumbukumbu. Kwa hiyo yafaa mtu aweke hesabu ya kile alicho nacho, kwani mali bila daftari hupotea bila habari. Yafaa asikilize matangazo ya Serikali yahusuyo fedha, na amsomee jirani yake asiyejua kusoma. Yafaa asiweke mali yote katika kitu kimoja: sehemu iwe katika benki au chama cha akiba, sehemu katika vyombo vya kazi yake, kama cherehani au mashine ya kuchomelea, na sehemu katika masomo ya watoto. Cherehani haikataliwi na mtoza kodi. Elimu haina siku ya mwisho ya kubadilishwa.

KONOKONO WA LEO

Ingawa kauri imekoma kuwa fedha, haijaacha kuuzwa. Watalii huinunua, na wafanyaji wa mapambo huitaka. Ni vema mnunuzi ajue kwamba kauri iliyokufa zamani na kutupwa ufuoni hupoteza mng'ao wake kwa kusuguliwa na mchanga na kupigwa na jua. Ile ing'aayo kama kioo, aghalabu mnyama wake aliondolewa akali hai. Wakiokotwa wote, hapatabaki wa kutaga mayai. Ndiyo maana katika hifadhi za bahari za Kenya, kama zile za Malindi na Watamu zilizowekwa mwaka 1968, ni marufuku kuchukua magamba na matumbawe.

Basi bibi aliye na kauri za kale juu ya kibuyu chake na azitunze. Hazitamnunulia mbuzi tena, lakini kila moja ni barua iliyoandikwa baharini na kusomwa bara. Wajukuu wakimwuliza zimetoka wapi, awaeleze habari za konokono avaaye joho usiku, za misafara na merikebu, za watu waliouzwa kwa magamba, na za wazee waliolala wakiwa matajiri wakaamka na mitungi ya chokaa. Kisha awaulize wao wameweka akiba yao wapi.